Kuku wa Uzi wa Buluu

Tulimzika Mwalimu Andati huko Lumakanda, kwenye shamba lililolimwa hadi karibu na ukuta wa nyumba, mahindi yakiwa yamefika kiunoni, na katika yote yaliyosemwa siku ile tangu asubuhi hadi jua lilipopinda, hakuna aliyetaja kuku. Wasemaji walikuwa wengi. Alisifiwa kwa miaka aliyofundisha, kwa sauti yake ya besi kanisani, kwa ukarimu, kwa kutogusa pombe. Mwanamume mmoja aliyejitambulisha kama mwanafunzi wake wa zamani alisema kwamba marehemu alikuwa mtu aliyetosheka na alichojaliwa. Nilikuwa nimekaa chini ya hema, kwenye kiti cha plastiki kilichokuwa kinadidimia kwenye udongo laini, na niliposikia neno hilo nilishikwa na hasira hadi nikainamisha kichwa ili watu wadhani naomba. Mwalimu Andati hakutosheka hata siku moja. Alingoja. Kwa anayetazama kutoka nje, mtu anayengoja na mtu aliyetosheka wote wametulia, wote hawasumbui mtu, na ukiwazika utawasifu kwa maneno yale yale. Baada ya chakula, mjane wake, mwanamke mpole ambaye sikuwa nimewahi kumwona, alinishika mkono akauliza kama mimi ndiye Mwanaisha wa Amalemba. Nikamwambia ndimi. "Alikuwa anakutajanga," akasema. "Alikuwa anasema watu wawili tu ndio walielewa kazi yake, wewe na yule Daktari. Hata mwaka jana, akiwa amelala hapo kwa kitanda, aliniambia Daktari bado atapita." Nilimwambia pole, mama, nikaenda kusimama nyuma ya hema mahali pasipokuwa na mtu.

Sasa nina miaka hamsini na kitu, magoti yamenistaafisha kabla ya serikali, na muda ninao. Ya nyumbani kwetu Matungu nitayaacha. Mwaka ninaoutaka ni mmoja tu, wa tisini na tano, niliokaa katika ploti ya Mama Jerida pale Amalemba. Vilikuwa vyumba sita vya kupangisha, vitatu vikitazamana na vitatu, bomba la maji katikati, na nyuma kabisa jiko la kuni la mwenye ploti lililokuwa jeusi ndani kama sufuria. Kuta za vyumba hazikufika kwenye mabati. Aliyejenga aliishiwa na matofali, au na hamu, akaacha mwanya huko juu, na kupitia mwanya huo tulijuana kuliko watu wa nyumba moja. Nilijua nani anakoroma, nani anasali, nani amekula ugali bila mboga. Na usiku wa kwanza nilioingia, kutoka chumba cha pili upande wangu, nilisikia kuku wakijipanga kulala, ile sauti yao ya kulalamika chini chini, na sauti ya mwanamume ikiwaambia, "Haya, basi. Kesho." Nilidhani nimepanga karibu na kichaa. Mama Jerida mwenyewe hakuwa na shaka. Asubuhi yake, akiosha vyombo bombani, alimwambia jirani kwa sauti ya kufika kote, "Mwalimu wa sayansi, mtu na digirii yake, amekodishia kuku nyumba. Wenzake wanaoanga bibi. Yeye akitaka kuongea na mtu anaenda kwa kuku."

Asubuhi nilifundisha watoto wa chekechea katika shule ndogo nyuma ya msikiti, na mchana nilikuwa sina la kufanya. Hivyo ndivyo nilivyoingia katika kile chumba. Nilienda kuazima kiberiti nikamkuta Mwalimu amepiga magoti kwenye saruji, jicho limebanwa kwenye tundu la sanduku la mbao lililowahi kubeba majani ya chai, na hakugeuka. "Ingia pole pole," akasema. "Usimtie hofu, karibu anaelewa." Nikaingia pole pole. Kilichokuwa karibu kueleweka kilikuwa hiki: ndani ya sanduku, kwenye ukuta mmoja, aligongomea kifuniko cha kopo kilichopakwa duara jekundu la rangi ya kucha. Kupitia kipande cha paipu, mtu aliyekaa nyuma ya pazia aliweza kudondosha punje ya mahindi iliyovunjwa. Mwanzoni kuku alipata punje akikitazama tu kifuniko. Kisha akikisogelea. Kisha hakupata mpaka akiguse. Mwalimu hakumshika, hakumsukuma, hakumpigia kelele. Alikuwa anamngoja kuku atende jambo karibu na lile analolitaka, anamlipa, na kumngoja tena mbele kidogo. Siku ile, mbele ya macho yangu, mtetea mwekundu mwenye shingo iliyonyonyoka alienda moja kwa moja kwenye duara akalidonoa, *ta*, punje ikaanguka, akaila, akarudi, *ta*. Nilicheka kwa sauti. Mwalimu Andati alinigeukia kwa mara ya kwanza. Alikuwa na uso mrefu wenye uchovu, na macho ya mtu aliyepata shahidi.

Kuanzia hapo nikawa mtu wa nyuma ya pazia. Nilikaa kwenye kigoda, bakuli la punje mapajani, nikitega sikio. Chumba kilinuka unga na kinyesi na mafuta ya taa, na dirisha lilizibwa kwa gunia ili kuku wasipotezwe mawazo na watoto wa nje. Saa kumi tulikunywa chai ya rangi kwa mhogo uliochemshwa, yeye akisimama, mimi nimekaa, na hapo ndipo alipozungumza. Alinieleza kwamba kila mtu anajua mnyama hujifunza kwa kulipwa, hata anayemwita mbwa kwa mfupa anajua. Alichotaka kukionyesha yeye kilikuwa kingine. Aliwagawa kuku wake mafungu mawili. Wa uzi mwekundu mguuni walilipwa kila walipodonoa, bila kukosa. Wa uzi wa buluu walilipwa mara moja moja, leo mapema, kesho baada ya kudonoa mpaka wachoke, bila mpango wowote wanaoweza kuukisia. "Sasa wewe niambie," akasema. "Siku mahindi yakikatika kabisa, nani atakuwa wa kwanza kuacha?" Nikamjibu kwamba ataacha yule asiyelipwa vizuri, maana hakuzoeshwa raha. Akatabasamu ndani ya kikombe. "Watu wote wanasema hivyo," akasema.

Lazima nieleze alichokuwa anakitafuta, maana bila hicho yeye ni mwalimu mwenye kuku tu. Alikuwa ameomba kwenda chuo kikuu kuendelea na masomo, akakataliwa. Akaomba tena, akakataliwa, lakini mara hiyo, katika semina moja ya walimu, Daktari fulani kutoka Nairobi alimsikiliza wakati wa chai akamwambia, una kichwa, tatizo hujatuonyesha kitu, nikija magharibi nitapita nione, na nikiona nitakusemea. Jina la Daktari huyo sitalitaja, kwa kuwa hakumkosea mtu yeyote. Basi Mwalimu alikuwa anajenga hicho kitu cha kuonyesha. Na mimi aliniweka ndani yake. "Nikienda, utakuja," aliniambia siku moja akifunga mlango. "Huko watahitaji mtu anayejua kazi." Sikumpenda kwa namna ya kutaka kuolewa naye, ingawa Mama Jerida alishatuoza bombani mara nyingi. Nilichotaka kutoka kwake kilikuwa kidogo kuliko hicho, na kibaya zaidi. Nilitaka aseme nimefanya vizuri. Hakuwa mtu wa sifa. Angeweza kupita wiki nzima na nyingine akinipokea na kuniaga kama mlango, halafu jioni moja, kwa sababu ambayo mpaka leo siijui, angesema, "Leo umefanya kazi safi, Mwanaisha," na mimi ningelala nikitabasamu gizani kama mjinga. Asubuhi ningewahi zaidi.

Katikati ya mwaka ugonjwa wa kuku ulipita Amalemba. Kila ploti ilikuwa na mizoga, watoto wakiburuta majogoo kwa miguu kwenda kuwafukia. Mama Jerida alipoteza nusu ya kuku wake akanyamaza siku mbili nzima. Kwetu walibaki watatu: wawili wa uzi mwekundu, na wa uzi wa buluu mmoja tu, yule yule mtetea wa shingo iliyonyonyoka niliyemwona siku ya kwanza. Wengine wote wa fungu lake walikufa. Kazi nzima ikawa inasimama juu ya miguu miwili ya yule kuku, na Mwalimu alianza kumchukua kama yai. Alimzoesha kuja mkononi, ili asikimbizwe na kuumia tunapompeleka sandukuni. Akinyoosha kiganja, hata kitupu, kuku huyo aliacha chochote alichokuwa anakichakura akaja mbio, mabawa nusu wazi. Wale wengine wawili ulikuwa lazima uwazunguke, uwapige kona, uwarukie. Yeye alikuja, na alikuja kwa kila mtu. Watoto wa ploti walifanya mchezo wa kunyoosha mikono yao mitupu ili aje, akija wanacheka, na yeye kesho alikuja tena.

Mwezi wa nane tukawakatia kuku mahindi. Wa uzi mwekundu walidonoa kifuniko, wakasubiri, wakadonoa kwa hasira, mmoja akakiruka kwa miguu kabisa, kisha wakaachana nacho. Kabla chai haijachemka walikuwa wamelala kwenye kona kwa amani. Tukamweka wa buluu. Alidonoa. Nilikaa nyuma ya pazia, bakuli limejaa, mikono chini ya mapaja ili isinisaliti, nikasikiliza. *Ta. Ta. Ta.* Mwalimu aliandika. Mwadhini wa alasiri akaadhini, nikaenda kuswali, nikarudi, *ta, ta*. Jua likashuka upande wa pili wa gunia. Hakuwa na hasira kama wale wengine, na hilo ndilo lililonimaliza. Alidonoa kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba anayojua ina watu. Nilipochungulia kwenye tundu niliona ukingo wa mdomo wake umemeguka. Nikamwambia Mwalimu, "Mpe basi hata moja." Akatikisa kichwa. "Nikimpa moja sasa," akasema, "sitakuwa nimemhurumia. Nitakuwa nimemfundisha kwamba ukidonoa kutwa, mwisho wa siku hupatikana. Kesho atadonoa mpaka afe." Alisema hivyo kwa utulivu, akijua kabisa anachokisema, na mimi nikakielewa, na hakuna kati yetu aliyejitazama. Nimekaa na maneno hayo miaka yote hii. Ningependa kusema yalinifungua macho, lakini jioni ile nilichokuwa nawaza ni kwamba siku nzima hajanisifu.

Shangazi yangu alikuja kutoka Mumias mwezi uliofuata, amejifunga mtandio wake wa safari, akakaa kitandani kwangu akikagua chumba kwa macho. Tulipomaliza salamu na habari za wote, aliniambia amenipatia nafasi ya kusomea ualimu wa chekechea, masomo ya kweli yenye cheti, na kwamba nangojewa mwezi wa kumi ukianza. Kutoka upande wa pili wa ukuta kuku walikuwa wanajipanga. "Ni nini hiyo?" akauliza. Nikamweleza. Alinisikiliza hadi mwisho, kwa heshima, kama anavyosikilizwa mgonjwa. "Mwanangu," akasema, "huyo mtu amekupa nini mpaka sasa?" Nikasema Daktari anakuja, amethibitisha, Jumamosi ya mwisho ya mwezi. "Sijauliza Daktari. Nauliza wewe umepewa nini." Sikuwa na cha kumwonyesha. Nikamwahidi kwamba nitangoja hiyo Jumamosi tu, Mwalimu apate nafasi yake au akose, na kwamba akikosa nitakuja Mumias siku ya pili yake, inshallah. Akakubali, akala mkate wake, akaenda. Mama Jerida alimsindikiza hadi barabarani, nikajua wamenijadili njia nzima.

Jumamosi yenyewe nilitoa kuku watatu nje asubuhi, nikaosha sakafu kwa maji ya moto na dawa mpaka saruji ikageuka rangi. Nilitandika mezani kitambaa nilichoazima. Daktari angefika saa nne steji ya mjini, na kwa kuwa hakuijua Amalemba, Mwalimu alitaka twende wote wawili kumpokea, asije akaonekana hana mtu. Alivaa koti lake la kijivu. Akimpita Mama Jerida jikoni alimwambia tu, "Mama, leo nina mgeni mkubwa kutoka Nairobi," naye akainuka kutoka kwenye kuni, akajifuta mikono kwenye leso, akasema, "Na utampea nini, wewe mtu bila bibi?" Mwalimu akacheka akasema mgeni haji kula, anakuja kazi. Mama Jerida alimtazama kama mtu aliyesikia tusi la kitoto. Nililiona lile jicho. Sikulifikiria.

Saa nne ikapita, saa tano ikapita. Tulisimama kando ya wauza ndizi, Mwalimu akipanguza viatu kwa karatasi kila gari lilipotimua vumbi. Daktari aliteremka karibu saa saba, mtu mnene mchangamfu, akiomba radhi kwa pancha njiani, mkoba mkononi, njaa usoni. Tulitembea naye hadi ploti. Harufu ilitupokea kabla ya lango: kitunguu, binzari, mafuta ya kuku wa kienyeji. Daktari akasimama, akafumba macho. "Kumbe nimefika nyumbani," akasema. Mwalimu alitabasamu, akamwingiza ndani, akamkalisha kwenye kiti kizuri. Mimi nikazunguka nyuma kwenda kuwatafuta kuku.

Wa nyuzi nyekundu walikuwa juu ya uzio, bado wana hofu. Jikoni, kando ya mlango, kulikuwa na karai la manyoya mekundu, na juu ya manyoya miguu miwili ya njano iliyokatwa, mmoja ukiwa na uzi wa buluu. Mama Jerida alikuwa anasonga obusuma, ugali wa kwetu, jasho likimtiririka, amefurahi. Nilimwuliza kwa nini huyu. "Ndio ningechinja gani?" akasema bila kuacha kusonga. "Yangu? Mgeni ya Mwalimu akule kuku ya mwenye ploti, akirudi huko kwao aseme Mwalimu anafichanga kuku zake? Siwezi mwaibisha hivyo. Nimeshika kwa hizo zake za uzi. Hizo mbili zimenikimbiza mpaka kwa fensi. Hii haikusumbua hata. Nimenyoosha tu mkono hivi, imekuja." Alinyoosha mkono kunionyesha, unga wa mahindi kwenye vidole. "Na nimeitia mzee Juma wa makaa achinje, amesoma bismillahi yake yote, ndio na wewe ukule. Si nilijua ukikosa kukula utakaa hapo unaangalia watu." Alikuwa amefikiria kila mtu: heshima ya Mwalimu, tumbo la mgeni, dini yangu. Nimewachukia watu wengi maishani kwa makosa madogo kuliko hilo, na Mama Jerida sijawahi kuweza kumchukia. Hakukuwa na mahali pa kuiweka ile hasira, na nafikiri ndiyo maana bado ninayo.

Nilichukua jagi na beseni, nikaingia kuwanawisha mikono. Daktari kwanza. Kisha nilipiga goti mbele ya Mwalimu, na maji yakimwagika nikamwambia kwa sauti ya chini kuliko ya maji, "Wa buluu." Mikono yake ilisimama. Alinitazama, akaona ni kweli, kisha akaendelea kuisugua, polepole, kidole kwa kidole, kama anayeiosha kabla ya sala, mpaka jagi likaisha. Mama Jerida aliingia na sufuria, akasalimu, akaiweka mbele ya Mwalimu mwenye nyumba agawe. Mwalimu Andati alitafuta ndani ya mchuzi kwa kijiko, akaipata imondo, ile firigisi ambayo hapewi mtu wa hivi hivi, akamwekea Daktari kwenye sahani kwa mkono wake mwenyewe. "Karibu, Daktari," akasema. Daktari alipokea kwa mikono miwili. Alitoka kwa watu wanaojua maana yake, na aliguswa. Tulikula. Mama Jerida alisimama mlangoni akihesabu matonge yangu kwa macho, kwa hiyo na mimi nilikula. Nyama ilikuwa laini, ya kuku aliyelishwa nafaka kidogo kidogo kila siku, na nilimeza kila kipande nikiwa nataka kulia.

Baadaye tulimpeleka chumba cha kuku. Nilimkamata mmoja wa nyuzi nyekundu, nikaparurwa mkono mpaka damu, nikakaa nyuma ya pazia. Kuku alidonoa, akalipwa, akadonoa, akalipwa. Mwalimu alieleza vizuri, nitamkubalia hilo. Nikakata mahindi. Kuku akadonoa mara chache, akaghadhibika, akaacha, akajichambua manyoya. "Sawa," Daktari akasema, "huyu ameacha, kama ambavyo kuku yeyote angeacha. Na huyo wa kulipwa mara moja moja? Ndiye niliyekuja kumwona." Kupitia pazia niliona vivuli vyao viwili, kimoja kinene, kimoja kirefu. "Alikufa," Mwalimu akasema. "Lo. Ugonjwa ule?" Kivuli kirefu kikainama kidogo. "Ndiyo. Ugonjwa." Daktari akapiga ulimi kwa huruma ya kweli. Alizunguka sanduku, akachungulia, akagonga kifuniko kwa ukucha. Akasema bila huyo wa pili hana la kuwaambia wenzake, Mwalimu mwenyewe anaelewa. Nilisikia kwamba limekwisha, na kwa muda mfupi nilihisi kitu kama nafuu, kama mtu aliyeambiwa mzigo huu si wako. Laiti Daktari angeondoka hapo hapo. Lakini alikuwa mtu mwema, ameshiba, amepewa imondo, na hakutaka kumwacha mwenyeji wake hivyo. Alimshika bega. "Lakini usiache, Andati. Kichwa unacho, nilisema na narudia. Fundisha mwingine. Mwakani nikipita tena upande huu, labda." Nilifungua pazia wakati ule, na nikauona uso wa Mwalimu. Tangu nilipomnawisha ulikuwa umekufa. Sasa ulikuwa unarudi, kutoka macho kuteremka chini, nikajua kwamba hatatoka tena kwenye kungoja kule.

Daktari hakupita mwakani. Baada ya miaka kadhaa alimtumia salamu kupitia mwalimu mwingine, akiuliza zile kuku zinaendeleaje, na salamu hiyo, nilisikia, ilimtosha Mwalimu mpaka uzeeni.

Jioni nilipanga nguo zangu. Zilikuwa chache, na begi lilifungika bila kulikalia. Kupitia mwanya wa juu nilimsikia Mama Jerida akimsimulia jirani jinsi mgeni alivyolamba vidole, na jinsi Mwalimu alivyokuja kumshukuru, akashindwa kusema, akabaki tu amesimama pale jikoni. "Mwanaume akikosanga bibi," akasema, "hata shukrani inamshinda." Sikwenda kumuaga Mwalimu usiku ule. Nilikuwa nimemwahidi Shangazi, na safari hii nilikuwa na hasira ya kunibeba.

Asubuhi nilitoka na begi kabla ya chai. Mwalimu alikuwa bombani, mikono ya shati imekunjwa, anasugua lile sanduku. Kando yake, ndani ya kikapu, alikuwepo mtetea mdogo mweusi aliyemnunua kwa jirani, bado hajafungwa uzi. Aliliona begi. Kama angesema kwaheri ningeenda. Kama angenikataza ningekasirika, na ningeenda haraka zaidi. Alisugua ubao mmoja mpaka mwisho, akaumwagia maji, kisha akasema bila kuinua kichwa, "Jana, vile ulininawisha na ukanyamaza, mtu mwingine hangeweza. Ulifanya vizuri, Mwanaisha." Zilikuwa zimepita wiki nyingi tangu aliposema hivyo mara ya mwisho. Nililiweka begi chini, kwenye saruji iliyolowa, nikamwuliza kama mahindi yaliyovunjwa yamebaki.